Kondoo Aliyechinjwa Mara Tisa

Watu wa Muyinga, Burundi, walicheka mpaka wakashika mbavu waliposikia kwamba Athumani amepewa kazi ya kulinda mnyama. Athumani mchinjaji, aliyelaza ng'ombe na mbuzi wa mji ule kwa miaka ishirini na saba, eti anaitwa Gitega akaangalie kondoo asiteswe kwenye filamu. Wacheke tu. Wengi wao hawakujua kwamba Athumani alikuwa na masharti yake: mnyama anywe maji kwanza, asione mwenzake akichinjwa, na kisu kifichwe chini ya koti mpaka dakika ya mwisho. Kisu kiwe kikali, kipite mara moja, basi.

Kazi hiyo alitafutiwa na binti yake, Layla, aliyekuwa msaidizi wa Fredi, mwenye filamu. Kwa Layla ilikuwa ajira ya kwanza tangu amalize masomo. Hadithi yao ilikuwa na sikukuu ya Idd, na Fredi alitaka kondoo mpole, kwa hiyo Athumani akapakia wa kwake, aliyemlea tangu akiwa mchanga. Karatasi ya masharti ilisema mnyama asiuawe wala asitoke damu. Athumani akaona hawa ni watu wenye huruma.

Kwenye ua wa nyumba moja pale Gitega wakampa kisu butu, aigize kuchinja mbele ya kamera. Akamlaza kondoo upande wa kushoto, taratibu, uso kibla, akapitisha kisu juu ya manyoya. Fredi akasimamisha kazi.

"Bon, mzee, iko muzuri. Lakini kisu iko inajificha. Uinue juu, kondoo aione, na kamera ione. Tunarudilia."

Wakarudia. Mara ya pili wingu likafunika jua. Mara ya tatu pikipiki ikapita barabarani na kelele zake. Mara ya nne kondoo alikuwa anatetemeka, na Fredi akasema huko kutetemeka ndiko alikokuwa akikutafuta. Mara ya tano kondoo alijikojolea. Athumani alimsimamisha, akasikia moyo wake ukigonga kwenye kiganja, akamgeukia binti yake.

"Layla, mi nachinja kila siku. Lakini nyama moja namuchinja mara moja. Huyu tumeshamuua mara tano."

"Papa, hana hata alama," Layla akanong'ona. "Ukienda saa hii, mi njo nilikuleta. Watanifukuza."

Athumani akajaribu kusingizia mgongo. Fredi, bila ubaya wowote, akamwambia apumzike, vijana wawili watamwangusha kondoo badala yake. Athumani akawatazama vijana wenyewe, wamevaa viatu vizito, wanacheka. Hapo ndipo alipojua amebanwa kotekote. Akashika kisu tena.

Ya sita, ya saba, ya nane. Mara ya tisa aliinua kisu tu, hata hajamgusa mnyama wake. Kondoo akakunja miguu ya mbele, akalala mwenyewe upande wa kushoto, akanyoosha shingo.

"Muliona?" Fredi akasema kwa furaha. "Ameshazoea. D'accord, tumemaliza."

Athumani hakuwahi kuona jambo kama hilo. Wanyama wote aliowachinja walipigania roho zao mpaka mwisho, na yeye aliwaheshimu kwa hilo.

Layla akaleta karatasi ya pili, iliyoandikwa kwamba hakuna mnyama aliyeumizwa, na chini nafasi ya msimamizi kutia saini. Athumani akapiga magoti, akampapasa kondoo shingo, mbavu na miguu. Alitafuta tone moja tu la damu, apate sababu ya kukataa. Hakulipata.

"Saini hapa, papa."

Akatia saini. Miaka yote ya kushika kisu hakuwahi kuona haya mbele ya mnyama, na sasa aliona haya hata kumtazama. Akasimama, akamwita kondoo warudi Muyinga. Akamwita tena. Kondoo alikuwa bado amelala pale pale, shingo ameinyoosha, anangoja.