Mgongo wa Mama na Miguu Yangu

Harufu ya mafuta ya nazi yaliyopashwa moto na karafuu ikinipata popote, nyayo zangu huanza kuwasha. Nilizaliwa nikitanguliza miguu, na kwetu Mji Mkongwe mtoto wa namna hiyo alikuwa dawa ya mtaa: anayeumwa na mgongo hulala kifudifudi mkekani, akapakwa mafuta, kisha mtoto akampanda na kumkanyaga. Basi dawa hiyo ndiyo mimi. Nikiitwa naitika naam, nakwenda mbio, nakanyaga, napewa kashata, narudi nyumbani kichwa kimenivimba.

Kiangazi kimoja mabomba yalikauka, na mama akawa anapandisha ndoo za maji ghorofani kwa ngazi zetu za mbao. Mgongo ukamkamata. Maumivu yakashuka kutoka kiunoni mpaka kisiginoni, akasema ni kama anachomwa sindano. Leo najua kwamba huo ni mshipa wa fahamu uliobanwa kwenye uti wa mgongo, wala haufai kukanyagwa. Wakati ule tulijua kukanyaga tu. Usiku mmoja mama akalala mkekani, nikapanda, na bibi akanihimiza nitie nguvu, nisiogope. Nikatia. Mama aling'ata ncha ya kanga, nami nikaona amestarehe.

Asubuhi yake nikasikia kishindo. Nilimkuta chini ya ngazi, maji yamemwagika, mguu wa kushoto umelala kama si wake. Nikaugusa, akasema hausikii. Kila aliyekuja kumjulia hali aliambiwa kuwa ngazi ndiyo iliyomwangusha, na mimi nikaichukia ngazi ile mpaka tulipohama.

Hospitali walimfundisha mazoezi: alale chali, akunje magoti, ainue kiuno polepole, akishushe polepole. Majirani walimcheka, mgonjwa gani huyo anacheza ngoma kalala. Mama hakuwajali. Miezi ikapita, akasimama, akatembea, ila unyayo anauburura hadi leo.

Mwaka huu zamu ikawa yangu. Kushinda nimeinamia kompyuta kulinikaza bega, kisha mgongo, kisha moto ukashuka mguuni. Jirani yetu, Bi Raya, akanionea huruma, akaja na mjukuu wake aliyezaliwa kama nilivyozaliwa mimi. Nami, kwa akili zangu zote, nikatandika mkeka. Mtoto keshavua viatu, mama akainuka kitini.

"Bi Raya, mrejeshe mtoto nyumbani," akasema taratibu. "Miye ngazi haikunifanya kitu. Mguu ulikufa usiku ule, nlipokwisha kukanyagwa. Nlipoukanyagia ngazini ndo nkaanguka."

Bi Raya alimshika mjukuu mkono, wakatoka bila ya kuaga. Nikabaki nimekaa juu ya mkeka, naitazama miguu yangu kama naiona mara ya kwanza. Nikamwuliza mama kwa nini alinificha umri wote huu, akaisingizia ngazi.

"Ungetembeaje na miguu hiyo, mwanangu," akasema, "na ulikuwa mtoto?"

Siku hizi kila baada ya sala ya alfajiri tunalala chali pamoja, tunainua viuno. Zamani nilimpanda mgongoni nikidhani namponya. Leo yeye ndiye anayeniambia nishushe polepole. Tukimaliza mama huenda jikoni kuteleka chai, nami hubaki pale chini nikiisikiliza kandambili yake ya kushoto ikibururwa sakafuni.