Mama Yangu Aliponiita Mama

Nilikuwa na miaka ishirini na minne mama yangu mzazi aliponiamkia shikamoo.

Ilikuwa siku ya arobaini ya bibi, aliyemzaa mama, hapa nyumbani kwetu Ilala. Sisi ni Wayao wa Tunduru. Katika ukoo wetu mtoto ni wa upande wa mama, nyumba ni ya wanawake, na mwanamume akioa huhamia kwa mkewe. Bibi akifa, jina lake halizikwi. Hupewa mjukuu wa kike, na tangu hapo huyo ndiye bibi. Anakaa nyumbani, anasuluhisha ugomvi, anatoa ruhusa kwa anayeoa na anayesafiri.

Mimi mila hizo nilizipenda kwa mbali. Kwenye kibanda changu cha vitenge Kariakoo, wateja wakipungua, nilisoma kwenye simu habari za jamii zinazoongozwa na wanawake, za kweli na za kubuniwa, nikajaza daftari. Shule niliishia kidato cha nne. Mengine nimejifundisha mwenyewe, hata kukata nguo. Ukurasa ukiwa na kosa moja niliuchana nikaandika upya. Niliwaringia wachuuzi wenzangu kwamba kwetu wanaume ni wageni. Nakiri, sikuwahi kujiuliza huyo mwanamke anayetawala hutoka saa ngapi.

Na mimi nilikuwa natoka. Karakana moja ya nguo Arusha ilikuwa imeona michoro yangu, ikaniita nikaanze kazi Jumatatu. Arobaini ilikuwa Jumamosi. Nilipanga kuwaambia baada ya dua, kwa maneno niliyoyakariri wiki nzima. Kuhusu jina sikuwa na wasiwasi. Nilidhani litaenda kwa binamu yangu mkubwa.

Dua ilipokwisha, mama mkubwa, dada yake mama, alinishika mkono akanikalisha kwenye mkeka wa bibi, akanifunika kanga ya marehemu. Nilikuwa nalia, nikadhani ananibembeleza. Kisha mama akapiga magoti mbele yangu.

"Shikamoo, mama," akasema.

Chumba kizima kikanigeukia. Kanuni niliijua, nilikuwa nimeiandika daftarini kwa wino mwekundu: anayeitikia amekubali. Asiyetaka hukaa kimya, na jina huenda kwa mwingine. Lakini magoti ya mama ni mabovu, na watu walikuwa wanamtazama. Tangu utotoni sijaacha salamu ya mtu ikining'inia. Niliona aibu kumwacha hivyo.

"Marahaba," nikasema.

Vigelegele vikapigwa. Mjomba, kuli wa bandarini mwenye mvi kichwa kizima, naye akapiga magoti, akalalamika kwamba yeye, mtoto wangu sasa, hajala tangu asubuhi. Watu wakacheka, nami nikacheka nao.

Jikoni nilimweleza mama mkubwa habari za Arusha. Hakukasirika. Alifuta mikono kwenye kanga.

"Mbona hukukaa kimya, mama? Tulikungoja."

Nikamuuliza kama naweza kwenda hata kwa miezi michache. Akasema msafiri wa nyumba hii huomba ruhusa kwa bibi.

"Haya, wewe utamwomba nani?"

Alinitazama kama mtu anayetaka kweli kujua.

Jumapili niliandika ujumbe wa kukataa kazi. Niliufuta mara kumi na moja, si kwa matumaini, ila koma hazikukaa sawa. Halafu nikautuma.

Jumatatu asubuhi mama alinijia amevaa baibui, begi mkononi. Aliomba ruhusa ya kwenda Tunduru wiki tatu, kuwashukuru ndugu waliotuma mahindi ya msiba. Aliiomba vizuri sana, bila kosa hata moja.

"Nenda," nikasema.

Nilichukua begi nimsindikize hadi stendi. Akalirudisha kwake taratibu, akaniambia bibi haagi watu barabarani. Nikabaki mlangoni, nikimtazama akikata kona. Nyuma yangu, mkekani, binamu yangu na mumewe walikuwa wameshakaa, kila mmoja amempa mwenzake mgongo, wananingoja niwasikilize.