Kiinua Mgongo cha Halima

Siku niliyoripoti kazini nilivaa viatu vya kuazima kwa dada yangu kule Kongwa, vikanibana hata nikashindwa kusimama vizuri mbele ya Karani Mkuu. Hospitali ilikuwa upande wa Kondoa. Jina lake naliacha, maana waliofanya kazi pale wengi bado wako hai. Karani Mkuu alikuwa mzee mwembamba, mwenye kofia ya kufuma na sauti ya chini.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba. Wewe ndiye Yunisi kutoka chuoni?"

"Ndiyo mimi."

"Haya, soma hapa." Akanisogezea kadi ya mgonjwa. Mwandiko wa daktari ulikuwa kama nyayo za kuku kwenye majivu. Nikabahatisha. Akacheka kidogo. "Hujui. Hata mimi sikujua nilipoanza. Kaa."

Kazi yetu wengi hawaijui. Mgonjwa akishaonwa na daktari, au akiruhusiwa kutoka wodini, faili lake lilikuja kwetu. Tulitafuta ugonjwa wake katika kitabu kinene cha uainishaji wa magonjwa, kile kinachotumika dunia nzima, tukautia namba. Namba hizo zilijumlishwa na kupelekwa mkoani, ijulikane watu wanaumwa nini na dawa gani ziagizwe. Wenzetu wengine, kwa kufuata neno la Kiingereza "code", walisema "kukodi magonjwa", na Karani Mkuu alilichukia neno hilo. "Ugonjwa haukodishwi kama baiskeli," alisema. "Semeni kutia namba."

Namba niliyoikariri mapema kuliko zote ni ya maumivu ya kiuno. Watu wa kule wanalima kwenye miteremko, wanawake wanabeba maji na kuni, na stendi kuna wapagazi wa magunia. Kiuno kilimuuma kila mtu. Katika kitabu cha zamani ilikuwa 724.2. Hiyo ni namba ya dalili. Inasema mtu anaumwa wapi, haisemi kwa nini. Daktari akiandika jina la ugonjwa kisha akaweka alama ya kuuliza, kwa utaratibu wetu karani hakutia namba ya ugonjwa huo. Alitia ya dalili, akangoja vipimo.

Nilipanga chumba nyumba moja na Halima, mhudumu wa wodi ya wanawake, mwenyeji wa Busi. Ndiye aliyenifundisha kuishi ule mji. Mwezi wa Ramadhani alinipikia mchana mimi nisiyefunga, huku yeye amefunga, na nilipokataa alinigombeza: "Mgogo wewe, utakufa njaa kwa heshima?" Wodini aliwainua wagonjwa peke yake, wanawake wazima, akawageuza na kuwatandikia shuka huku akiwatania. Hakuwa mtu mnene. Sijui nguvu ile aliitoa wapi.

Miaka ile mambo yalikuwa yanabadilika. Madukani vitu vilirudi, sabuni, sukari, kanga za kila rangi, na mitumba ikajaa sokoni. Hospitalini ilikuwa kinyume. Wagonjwa walianza kuchangia matibabu, mashine ya eksirei ilikaa bila filamu, na tukasikia kwamba serikali itapunguza wafanyakazi. Kila mtu alimwangalia mwenzake akijiuliza ni yupi wa ziada.

Wakati huo ndipo Halima alipoanza kuumwa kiuno. Mwanzoni alisema ni kazi. Kisha nikaona anashika ukuta akiinuka, na jioni anajifunika blanketi kabla jua halijazama. Alikonda. Nilimshika mkono nikampeleka kwa Mganga Mkuu, daktari mpole aliyekuwa na haraka siku zote. Alimpima kwa makini, akamgonga pingili za uti wa mgongo moja moja kwa kidole, akaandika: maumivu ya kiuno, kifua kikuu cha uti wa mgongo? Akamwandikia rufaa aende Dodoma kupiga picha.

Faili likaja mezani kwetu. Karani Mkuu alilitazama kwa muda mrefu, akatia 724.2, kama utaratibu ulivyotaka.

Halima hakwenda Dodoma.

"Nikilazwa mkoani sasa hivi, jina langu litakuwa la kwanza," aliniambia. "Nani atambakiza mhudumu asiyeweza kuinama? Acha hili zoezi lipite, nitakwenda."

"Na kama ni kifua kikuu kweli?"

"Sina hata kikohozi, Yunisi. Ni kiuno."

Nilirudi kwa Mganga Mkuu. Alimwita, akamsihi mbele yangu, akamwambia ugonjwa ule haungoji. Halima aliitikia "ndiyo, daktari" kwa adabu zote, akarudi wodini kugeuza wagonjwa.

Wiki chache baadaye Katibu wa Hospitali aliingia chumba chetu cha mafaili. Alitaka majina ya wafanyakazi wanaotibiwa mara kwa mara. Karani Mkuu alisimama, jambo ambalo hakuwa akilifanya kwa yeyote.

"Bwana Katibu, faili la mgonjwa ni la mgonjwa na daktari wake. Mimi ni mtunzaji tu."

"Unajua na wewe umri wako umekwenda?"

"Najua."

Katibu aliondoka mikono mitupu. Nilidhani tumeshinda. Majina yalipobandikwa, Halima alikuwemo, na Karani Mkuu alikuwemo. Tuliuliza, tukaambiwa wahudumu wasiomaliza darasa la saba wameondolewa wote, wazima na wagonjwa. Kule kujificha kwake hakukumsaidia kitu. Angeweza kwenda Dodoma na matokeo yangekuwa yale yale, ila angekuwa na dawa.

Jioni ile alifunga mizigo akiwa amepiga magoti, maana kuinama hakuweza. Ghafla akacheka.

"Wamenipa kiinua mgongo," akasema, "na mgongo wenyewe hauinuki."

Nilicheka naye, kisha nikatoka nje nisimlilie usoni.

Mimi nilihamishiwa hospitali kubwa mjini Dodoma. Huko tulipokea kitabu kipya, chenye herufi na namba; maumivu ya kiuno yakawa M54.5. Nilimtumia Halima salamu kwa watu wa mabasi ya Kondoa, nikimhimiza aje. Majibu yalikuwa kwamba yuko kwao, anatumia dawa za miti shamba, hajambo.

Mwishowe alikuja akiwa amebebwa na kaka yake mgongoni. Miguu ilikuwa imekufa. Picha ilipigwa siku hiyo hiyo, na Daktari Bingwa wa mifupa akaandika jina la ugonjwa bila alama ya kuuliza. Pingili mbili zilikuwa zimeliwa na kifua kikuu. Faili lilinifikia mimi. Nilitia namba yake kwa mwandiko mzuri, nikapanda wodini.

"Wamesema nini?" akauliza.

Nikamwambia yote. Akavuta shuka.

"Kwa hiyo nilikuwa naumwa kweli."

"Nani alisema huumwi?"

"Wote. Wifi zangu walisema mvivu, nimezoea mshahara. Mwisho hata mimi niliwaamini."

Dawa zilimwondolea homa na maumivu, akanenepa kidogo. Miguu haikurudi. Aliishi Busi miaka mingine, akichambua mbaazi na kusuka ukili kwa mikono iliyobaki na nguvu zake. Nilikwenda nilipopata likizo, si mara nyingi kama nilivyoahidi.

Siku hizi nimestaafu. Vijana wanatia namba kwenye kompyuta, kwa haraka sana, na wananiita niwaeleze ya zamani. Nawaambia wawe makini na namba za dalili: nyuma ya kila moja kuna mtu ambaye bado hajajibiwa. Wananiitikia vizuri. Sijui wanasikia nini.

Habari ya msiba wa Halima ilinifikia amekwishazikwa. Nilipanda basi hadi Kondoa, kisha gari la mizigo hadi Busi. Kaka yake, mzee sasa, alinipeleka makaburini; yeye akasoma dua yake na mimi nikaomba kwa namna yangu. Maisha yangu yote ya kazi nilikuwa natafuta neno moja kwenye karatasi za watu, sababu. Kaka yake aligeuka akanitazama, nadhani alikuwa tayari kunieleza Halima alikufa kwa nini.

Sikumuuliza. Nilimwomba anionyeshe mahali alipokuwa akikaa kuchambua mbaazi.