Chumvi ya Katwe kwenye Mashine ya Dada

Dada yangu alirudi Kasese kutoka ng'ambo akiwa na nusu kontena ya vitu na saratani ya ini. Vitu vilichelewa Mombasa, saratani haikuchelewa. Kwa miaka mingi alikuwa ametunza wazee wa watu katika nchi ya baridi, na sasa madaktari wa huko walikuwa wamemwambia aende akakae na ndugu zake. Alinunua tikiti, akanunua na mashine ya kuoshea vyombo.

Nilipoiona ikishushwa nyumbani kwangu, kwenye njia ya kwenda Rukoki, nilikasirika kweli. Mgonjwa anahitaji godoro zuri na dawa za maumivu, yeye ananiletea sanduku la chuma la kuoshea sahani! Nikamwambia hivyo hivyo usoni. Alicheka mpaka akashika ubavu.

"Si yako," akasema. "Ni ya Mama. Nataka siku moja ale na sisi, halafu akae."

Tangu tukiwa wadogo kule Bwera, Mama tonge lake la mwisho alilimeza amesimama, sahani zetu tayari zikiwa mkononi mwake, akaenda zake nyuma ya nyumba. Hadithi za Baba, vicheko, habari za wageni, sisi tulivipata sebuleni na yeye alivisikia kupitia ukutani. Hata akija kwangu kutembea ni hivyo hivyo, na ukimzuia anadhani unamfukuza. Dada alikuwa ameamua kwamba vyombo vikioshwa na mashine, Mama hatakuwa na pa kukimbilia. Alitaka kuliona hilo kabla hajafa.

Basi tukaanza kupigana na taa za onyo za mashine, kila moja na kipicha chake. Kitanda chake kilikuwa sebuleni, mlango wa jikoni wazi, mimi nimepiga magoti mbele ya mashine nikimpigia kelele kilichowaka. Yeye alizijua zote kichwani.

"Ya bomba!"

"Maji hayafiki. Hayana nguvu."

Kweli, maji ya mtaani kwetu yalikuwa yakitoka kama machozi ya mnafiki. Nikaita fundi wa friji, mtu wa Butembo, ng'ambo ya mpaka, aliyekuwa na kibanda sokoni. Aliizunguka mashine kwa heshima kama anayetazama maiti ya mkubwa.

"Yaya, machini haina mubaya," akasema kwa Kiswahili cha kwao, akiniita mkubwa wake. "Ni maji njo iko kidogo. Tupandishe tangi juu."

Tukapandisha tangi juu ya mbao, na taa ya bomba ikazimika. Ikabaki ya nyota, ambayo Dada aliimaliza kwa chupa ya dawa ya kung'arisha aliyokuja nayo. Mwisho ikabaki yenye mishale miwili iliyojikunja. Hiyo ni ya chumvi, akanieleza; maji yetu yana chokaa, na ndani kuna tundu la chumvi ya kuyalainisha. Lakini iwe ya chengachenga na safi kabisa, isiyochanganywa na kitu. Ya dukani, ile laini, hapana. Nilizunguka mji wote nikiuliza chumvi ya mashine, na wenye maduka wakaniangalia kwa huruma.

Jumapili Mama akaja kutoka Bwera. Alizaliwa upande wa Beni, na Kiswahili chake kimebaki kile cha huko, kama cha fundi. Alikuwa amesikia kwenye simu kwamba mashine ya binti yake inataka chumvi, basi alibeba kitambaani chumvi ya ziwa la Katwe, ya kijivu, aliyoitwanga mwenyewe kutoka kwenye bonge.

"Mutoto wangu, hii njo chumvi," akamwambia Dada. "Ile ya duka ni bunga tu."

Nilifungua mdomo. Chumvi ile tunaijua sote, ina udongo wa ziwa ndani yake, tunawapa ng'ombe na tunalainishia maharage. Dada akanikata kwa jicho. Aliingiza vidole kwenye kitambaa, akavilamba, akatabasamu kama mtoto.

"Tia yote," akaniambia.

Alijua vizuri sana. Mimi pia nilijua kwamba anajua. Lakini mwanamke mzima alikuwa ametwanga na kusafiri nayo mapajani, na Dada hakuwa na moyo wa kumwambia kwamba haifai. Nikatia.

Tukala. Mara hiyo Mama alikubali tumpangie sahani ndani ya mashine, akisimama karibu kama askari. Taa ya mishale ikazimika, na Dada akapiga makofi kitandani. Mashine ikanguruma, Mama akavuta kiti. Alikuwa hajakikalia bado ikakoroma, ikanyamaza, na taa zote zikawaka kwa pamoja. Chini yalikuwa yamejaa maji ya matope. Mama alikunja mikono ya gauni, akatoa sahani moja moja, akaenda nazo uani. Dada akageukia ukuta. Sijawahi kuchukia kitu kama nilivyoichukia ile mashine, na nililia huku nikipangusa sakafu.

Fundi alirudi, akaifungua, akasema ndani kumeziba na vipuri havipatikani. Dada alisema hakuna haraka. Hakumaliza mwezi.

Tulimzika Bwera. Kwetu mama mfiwa hashiki kazi. Majirani ndio hupika, ndio huosha. Baada ya mazishi walileta bundu, ugali wetu wa muhogo, na samaki, Mama akala matonge mawili juu ya mkeka, halafu, kwa mazoea yake, akakusanya sahani yake na yangu na kuanza kuinuka. Wanawake wawili wakamshika mabega.

"Ikala, Mama. Beko benye kuosha."

Wakimwambia hivyo kwa Kiswahili chake, kwamba akae, waoshaji wapo, wakampokonya sahani taratibu. Mama akaketi katikati yetu, watu wakila na kuzungumza, na mikono yake ikawa inatafuta pa kukaa, mara mapajani, mara kwenye mkeka. Alikaa hadi mtu wa mwisho alipomaliza kula.