Mwamvita wa Mtaani, Eufrazia wa Kiwandani

Mwaka 1976 Eufrazia Alfonsi alikuwa mfagiaji katika kiwanda kimoja cha Mikocheni, naye amepanga chumba Mwananyamala. Kiwandani walimwita kwa jina la ubatizo. Padri aliyembatiza huko kwao kusini alimwambia ni la Kigiriki, maana yake furaha. Mtaani hakuna aliyelijua. Huko aliitwa Mwamvita, mwana wa vita, jina alilopewa na mama yake, aliyemzaa akiwa amejificha porini wakati Wajerumani na Waingereza wakipigana na baba mtu amekamatwa kubeba mizigo ya askari. Alipohamia Mwananyamala alimtajia Jokha, mwenye duka la mtaani, jina hilo la Mwamvita kwa sababu ni jepesi kutamka, nalo likashika.

Msako wa watu wasio na kazi ulifika mtaani kwao asubuhi ya siku yake ya mapumziko. Mgambo walizingira bomba la maji, Eufrazia akiwa kwenye foleni. Asiye na karatasi ya kazi alipandishwa lori, akalime vijijini. Eufrazia alitoa barua ya kiwandani bila wasiwasi. Kamanda wao akailinganisha na orodha ya wakazi iliyoandikwa na balozi wa nyumba kumi.

"Eufrazia hayumo humu. Hapa unaitwa nani?"

"Mwamvita, afande."

"Basi barua hii umeiiba wapi?"

"Ni yangu. Majina yote mawili ni yangu."

Kamanda akamgeukia Jokha, aliyesimama mlangoni pa duka. "Wewe, unamjua Eufrazia Alfonsi?"

Jokha alirudi hatua moja nyuma. Juzi tu, mtaa wa pili, mtu alimtetea jirani yake asiye na kazi, wakapakiwa wote wawili.

"Simjui," alisema. Na kweli, kabla ya siku hiyo jina hilo hakuwahi kulisikia.

Eufrazia akasukumwa ndani ya lori. Umri ulikaribia sitini, hana mtoto. Huko porini nani angemzika? Alitaka kupiga kelele, sauti ikagoma. Kijana aliyebanana naye akamshika kanga.

"Mama, mie Adelard, nachonga vinyago. Ukishuka mwambie mke wangu Rosalia, nyumba ya nyuma ya msikiti, kwamba nimechukuliwa."

"Nani kakwambia nitashuka?"

Injini ikawaka. Hapo ndipo sauti ilipomtoka. "Jokha! Eufrazia ndiye mie!"

Jokha akatoka mbio, akaling'ang'ania lori. "Afande, huyu namjua! Ni Mwamvita! Kila alfajiri hununua maandazi kwangu akienda kiwandani. Hilo jina la kanisani ndilo sikulijua."

"Utatia sahihi? Ikiwa uongo, kesho tunakufuata wewe."

Jokha alitia sahihi.

Eufrazia aliposhushwa alikaa mchangani. Lori liliondoka na Adelard.

"Nisamehe, shoga," Jokha alisema akilia. "Mbona hukuniambia?"

"Hukuniuliza. Nami sikuona kama kuna haja."

Mchana ule Eufrazia alikwenda kwa Rosalia. Alipomaliza kusema, Rosalia alifunga tu mlango kwa komeo. Adelard alirudi miezi mitatu baadaye, kwa miguu, amekonda.

Balozi aliisahihisha orodha: Eufrazia Mwamvita Alfonsi. Hata hivyo, kwa miaka mingi, mtu akimwita ghafla kwa jina lolote kati ya hayo, alishtuka kwanza, akageuka kutazama ni nani anayeita, ndipo akaitika.