Ufa katika Sura ya Saba

Kila asubuhi profesa wetu hunawa mikono mara mbili, huvaa glavu, kisha hushika kipande cha chuma kisichozidi ukucha kana kwamba ni kifaranga. Hadubini ya elektroni ikianza kutoa hewa iliyomo ndani yake, yeye huimba nyimbo za kanisani kwa sauti nzito isiyofuata noti. Kitabu chake kuhusu mabomba ya vituo vya umeme kilimchukua miaka tisa. Wiki ya kukipeleka kuchapwa, aliinamia picha moja ya ufa katika sura ya saba, akaacha kuimba.

"Bhuti Luvuyo," akaniambia, akiniita kaka kwa Kixhosa, "huu si ufa. Ni mkwaruzo, tumeutia wenyewe tulipokuwa tunasugua chuma."

"Mama, nani atajua?" nikamuuliza.

"Wewe umeshajua. Na kuna fundi ataiamini picha hii, aamue boila ipi ya mvuke izimwe na ipi iachwe."

Akampigia mchapishaji kumwambia asubiri. Nilimsikia yule bwana akifoka. Yeye akaitikia "ndiyo, baba" mara nne, wala hakulegea. Tulisugua vipande upya miezi mitatu, vidole vikaota malengelenge. Picha safi ilipopatikana, ile mbaya hakuitupa. Aliiweka kando ya ile safi kitabuni, na chini akaandika: "Hapa nilikosea."