Jina la Shabani kwenye gemu

Ndiyo, ni mimi niliyeifungua ile kaseti ya gemu. Acheni kuulizana.

Mama Shabani wa Rudewa aliniletea gemu la mkononi la marehemu mwanawe.

"Nihamishie kwenye kompyuta, baba. Ukiwasha, jina lake bado linatokea."

Nikamjibu, "Mama, umefika kwa daktari bingwa!"

Leo nikakuta kibetri cha ndani ya kaseti kimechoka. Nikakibandua niweke kipya, ndipo nikopi.

Jamani, kumbe hicho kibetri ndicho kilichoshika kumbukumbu!

Gemu limehamia vizuri tu. Jina la Shabani limefutika.

Mama kapiga simu sasa hivi: "Kesho nakuja na baba yake, naye alione hilo jina."

Nikasema karibuni. Mdomo huu!

Atakayekaa na mimi hapa kibandani Kilosa wakati nawaambia, namhamishia magemu yake yote bure, maisha.